Mwambie Dada Yako Asije

Kwa aliyenikuta njiani leo, nitamfupishia. Mimi ni mtengeneza filamu nisiye na kamera. Naokota video za watu. Kuna fundi simu ananiuzia kadi za kumbukumbu zinazotoka kwenye simu zilizokufa; mimi nazifufua video zilizofutwa humo, nazikata vipande, naviunganisha vipande hivyo mpaka viwe filamu. Dada yangu mkubwa aliponikuta siku moja nimeikodolea macho kwenye kioo harusi ya watu nisiowajua, akaniita Makombo. Jina likaganda.

Katika kila video nachukua mkia tu. Mkia ni zile sekunde za mwisho, pale mtu anapodhani simu imeshazimwa. Mkono unashuka, kioo kinaonyesha sakafu au dari, na watu wanaacha kutabasamu na kuanza kusema wanachokiwaza. Filamu yangu nzima ni mikia mitupu. Humo hamna uso hata mmoja, na hicho ndicho kilikuwa kiburi changu. Kama sijamwonyesha mtu uso, nimemkosea nini?

Wiki jana niliwaacha gizani ukumbini, siku ya kuonyeshwa filamu hiyo kwa mara ya kwanza. Kando yangu alikaa mchumba wangu, ambaye ni nesi, na mimi namwita Nesi hata tukiwa wawili. Upande wake wa pili alikaa mdogo wake wa kiume, shemeji yangu mtarajiwa. Wawili hao hawakuwa wameketi pamoja tangu mazishi ya mama yao, miaka mingi kabla sijawafahamu. Mimi, mpatanishi wa kujiteua, nikawapa viti vya jirani.

Kwenye kioo ukatokea ukingo wa kitanda na ndara moja sakafuni. Sauti ya mama mtu mzima ikauliza, "Umezima?" Nesi akasimama katikati ya giza na kusema, "Mama."

Hapo ndipo tulipoishia. Leo ningefurahi kama kuna mtu mwingine wa kuandika yaliyofuata, lakini aibu ya maiti aijuaye ni mwosha, na mwosha ni mimi.

*

Sauti ya kijana ikajibu kwenye kioo, "Nimezima."

Ile sauti ya mama ikasema, "Mwambie dada yako asije."

Basi. Mkia mwingine ukaingia, wa mtu anayecheka huku anatafuta funguo zake. Nesi alikuwa bado amesimama.

"Kaa, dada, wengine tunaona nusu," mtu wa nyuma akanong'ona.

"Mwache," jirani yake akamjibu. "Hiyo ni sehemu ya filamu."

Neno hilo likapita kiti kwa kiti. Taa zilipowaka, watu hawakunigeukia mimi. Walimgeukia Nesi, wakampigia makofi. Mama mmoja alifuta machozi, akamwambia ameigiza vizuri mno.

Mwenye ukumbi, mzee wa miwani mikubwa, akapanda jukwaani na kipaza sauti. "Mmejionea wenyewe," alisema. "Huyu bwana kioo hakikumtosha. Ametuwekea mtu wa kweli humu ndani, mwenye uchungu wa kweli." Akanigeukia. "Hebu tuambie, ulimwelekezaje huyu dada mpaka akasimama pale pale panapotakiwa?"

Ndugu msomaji, mdomo nilikuwa nao. Ningeweza kusema, huyu ni mchumba wangu, na ile ni sauti ya marehemu mama yake, na mimi sikujua mpaka dakika hii. Ni maneno mepesi, mtoto angeweza kuyatamka.

Nilishika kipaza sauti nikasema, "Asante sana. Tulijaribu."

Nesi alinitazama kutoka pale alipokuwa. Hakukasirika. Alinitazama kama mtu anayesoma kibao cha barabara kwa lugha asiyoijua. Kisha akatoka, na makofi yakamsindikiza mpaka mlangoni.

*

Nilimkuta koridoni, kwenye mashine ya maji ya kunywa, ameshika kikombe kitupu.

"Ile ni sauti ya mama yangu," alisema.

"Sikujua. Wallahi sikujua. Mimi mama sikuwahi kumwona hata pichani, wala kumsikia."

"Uliniambia wenye video zao wote uliwaomba ruhusa."

"Wengi wao sikuwapata."

"Nani ulimpata?"

Nikaangalia viatu vyangu. Akaelewa.

Ilikuwa rahisi kuielewa njia ambayo kadi ile ilipita. Fundi wangu wa simu ana kibanda mtaa uleule wanaokaa wao. Hata mimi na Nesi tulikutania hapo, yeye ameleta simu iliyopasuka kioo, mimi nimefuata kadi zangu. Nilikuwa nikisimulia kisa hicho kila karamu, watu wakicheka. Sasa nikaona kwamba siku ile ninayoita ya bahati, mama mkwe wangu alikuwa ndani ya mfuko wangu wa shati.

Nilingoja anizabe kofi. Ningelipokea kama dawa. Badala yake Nesi alikaa kwenye benchi na mabega yakamshuka.

"Kwa hiyo alikuwa anasema kweli," alisema.

"Nani?"

"Mdogo wangu. Mimi nilikuwa mafunzoni, mji mwingine. Kazi yangu ilikuwa kuwaogesha mama za watu. Wa kwangu alikuwa anakwisha na sikuambiwa. Nilikuja kuzika. Nikamuuliza mdogo wangu palepale kaburini, mbele ya watu, kwa nini hukuniita. Akasema, mama mwenyewe alisema usije. Nikamwita mwongo. Nimemwita mwongo mpaka leo." Akakibonyeza kile kikombe mpaka kikapasuka. "Na leo nimemsikia mama kwa masikio yangu."

Sasa niwaambie kitu ambacho yeye hakukijua, na ambacho kilinifanya nishindwe hata kumgusa bega.

Mama yule hakuishia pale. Mimi ndiye niliyemwishia.

Kwenye video nzima alisema, "Mwambie dada yako," akavuta pumzi, kisha akamalizia, "asije akakuta sipo." Maana yake, mwite upesi. Mwite kabla sijaondoka. Mama alikuwa anamtaka mwanawe.

Nilipokuwa nakata niliisikia sentensi yote. Niliielewa vizuri tu, Kiswahili nimezaliwa nacho. Lakini mama anayemwita mwanawe ni jambo la kila nyumba, halimkoseshi mtu usingizi. Mama anayemkataa mwanawe, hapo ukumbi unatulia. Nikaondoa maneno yaliyotangulia, nikakata kwenye "asije". Halafu nikaona ile pumzi ya katikati inaharibu, mtu anaweza kusikia kwamba kuna jambo linakuja. Nikaiondoa pumzi. Nikayasogeza maneno yakakaa bega kwa bega. Mwambie dada yako asije.

Siku ile nilijipongeza. Nilijipikia chai na kuisikiliza tena na tena, nikijiona fundi hodari.

*

Shemeji alinifuata chooni. Nilikuwa nanawa uso. Alisimama kwenye sinki la pili, akafungua bomba bila kunawa chochote.

"Shemeji," alisema, "nashukuru."

"Unashukuru nini?"

"Dada amenikumbatia hapo nje. Tangu tumzike mama hajanipa hata mkono. Leo amenikumbatia, kisa wewe." Alinitazama kwenye kioo cha ukutani. "Ile simu niliishika mimi. Najua mama alisema nini."

Maji yalikuwa yanatiririka. Sikuwa na mahali pa kuweka macho yangu.

"Alivuta pumzi pale katikati," alisema taratibu. "Mama yangu. Wewe umemnyima hata pumzi."

"Sikujua ni mama yenu."

"Kwani angekuwa mama wa mtu mwingine ingekuwa sawa?"

Nikavuta karatasi, nikajifuta uso.

Akafunga bomba. "Sasa tusikilizane. Mimi nilimdanganya dada, wewe umenitolea ushahidi. Tuko jahazi moja. Jumapili Shangazi anatuita tupatane, na hapohapo posa yako itajibiwa. Shangazi hatoi neno bila kuniuliza mimi. Wewe nyamaza, mimi nitakusemea vizuri. Yaliyokatika yamekatika."

Akanipa mkono. Na mimi, ambaye dakika chache zilizopita nilimwonea huruma mdogo mtu aliyeitwa mwongo, nikaupokea. Ulikuwa mkavu na wa moto. Wangu ulikuwa unalowana.

*

Jumapili ikafika. Shangazi yao ni mwanamke mnene, mcheshi, ambaye amesaidia kuwalea tangu baba yao afariki, na nyumbani kwake kila kiti kina kitambaa alichokishona mwenyewe. Alinipokea kwa bashasha zilizonichoma.

"Karibu, mwanangu. Mwenye sinema zake. Nasikia zako hazina watu, zina sakafu tu."

"Ndiyo, Shangazi."

"Basi siku ukikwama njoo, sakafu ninayo."

Wote wakacheka. Nesi pia alicheka kidogo, na nikaona amekonda kwa siku zile chache. Alikuwa ameniomba nije na kompyuta yangu ya mkononi ili Shangazi naye aisikie sauti ya mama. Nilikuja nayo. Nilikuja nayo nikiwa nimejiapiza kucheza mkia tu, vilevile nilivyoukata.

Lakini kwanza Nesi akataka kusema lake. Alihama kitini akaenda kukaa karibu na mdogo wake, kwenye mkeka, miguu ameikunja.

"Mdogo wangu," alisema, "nilikuita mwongo mbele ya kaburi la mama. Nikarudia kwa majirani, nikarudia kwa huyu. Nimekubebesha jina ambalo si lako. Naomba unisamehe."

Shemeji aliangalia vidole vyake. "Yameisha, dada."

"Hayajaisha mpaka useme umenisamehe."

"Nimekusamehe."

Nikamwona akimeza mate, na nikajua yalivyo machungu, maana kinywani mwangu yalikuwemo yaleyale.

"Haya," Shangazi akasema, "yaliyopita si ndwele. Tugange yajayo."

"Bado kidogo, Shangazi," Nesi akasema. Akatoa simu yake. "Kuna video mama alinitumia nikiwa mafunzoni. Anasema, mwanangu, mimi mzima kabisa, soma kwa amani. Nimeihamisha kila simu niliyonunua. Nikichoka kazini naiangalia. Siku zote nilikuwa najiuliza, anayecheka namna hii amenikataaje? Sasa nimemsikia baada ya kucheka. Kumbe alikuwa ananichekea usoni tu." Sauti yake haikutikisika, na hilo ndilo lilinitisha. "Sitaki kuiangalia tena."

Akaigusa ile video. Simu ikamuuliza kama ana hakika anataka kuifuta. Nilikiona kile kitufe chekundu kutoka nilipokaa.

Mimi ninayekula kwa vilivyofutwa na wenzangu nilijikuta nimesimama.

"Usifute," nikasema.

Shemeji akanitupia jicho. Nikajifanya sijaliona, maana ningeliona ningekaa chini.

"Kuna maneno mengine. Video ninayo nzima. Mama hakuishia pale."

Nikafungua kompyuta. Niliiweka juu ya meza ya Shangazi, nikaongeza sauti, nikabonyeza.

Uso wa mama ukatokea, amejifunika blanketi mpaka kifuani, anacheka, pengo la meno yake likionekana. Shangazi akashika mdomo. "Mwanangu, mimi mzima kabisa," mama akasema. "Soma kwa amani." Kisha picha ikashuka, ukaja ukingo wa kitanda, ikaja ile ndara.

"Umezima?"

"Nimezima."

"Sasa nisikilize. Mimi sifiki mbali. Mwambie dada yako..." Akavuta pumzi, na chumba kizima tukamsikia akiivuta. "...asije akakuta sipo."

Nesi akanyoosha mkono, akarudisha nyuma, akasikiliza tena. Akarudisha tena. Mara ya mwisho alifumba macho, na midomo yake ilikuwa inasema pamoja na mama.

"Video niliyotumiwa mimi inaishia kwenye soma kwa amani," alisema. "Nani alikata?"

Nikafungua mdomo. Shemeji akaniwahi.

"Mimi, dada."

Alisema hivyo bila kuinua kichwa. "Nilikata kabla ya kukutumia. Ulikuwa na mtihani. Nikasema, akimaliza nitampigia nimweleze taratibu. Halafu mama akawa anaamka, anakula, nikasema bado tuna muda. Nikasema kesho. Kila siku nilisema kesho, mpaka asubuhi ile nikaingia na uji wake nikakuta hakuna kesho. Uliponiuliza kaburini, watu wote wananitazama, neno lililonijia ni hilo. Nimelibeba mpaka limenipinda mgongo. Na leo umenipigia magoti, nikakusamehe."

Akaanza kulia, kilio cha mwanaume asiyejua kulia, cha kukohoakohoa. Shangazi alimwangalia kama mtu aliyemkuta mgeni nyumbani kwake.

Nesi hakupiga kelele. Alisimama, akatengeneza nguo yake, akaja upande wangu. Akanishika mkono.

"Twende," aliniambia. "Hapa sina ndugu. Wewe angalau umenirudishia maneno yake."

Ndugu zangu, nimewahi kudharauliwa, nimewahi kufukuzwa, na wiki zilizopita mmeyasoma yote. Hakuna hata moja lililoniuma kama kushukuriwa pale. Mkono wake ulikuwa umeushika wangu kwa nguvu zote, kama wa mtu anayevuka barabara na mtoto. Nikamfuata. Nilijiambia nitamweleza njiani. Nilijiambia nitamweleza kesho, na neno hilo nikalisikia, na bado nikaendelea kutembea.

Mlangoni akasimama.

"Lakini kwenye filamu hayakuwemo," alisema polepole, kama anayejiuliza mwenyewe. "Kwenye filamu anasema asije, anaishia. Kwa nini?"

Shangazi ndiye aliyejibu. Roho yake ilikuwa imeshachoka na mabaya ya siku ile, akataka japo mtu mmoja abaki msafi.

"Mashine hizi zina mambo yake, binti yangu," alisema. "Simu ilikuwa mbovu, kadi mbovu. Itakuwa ilijikata yenyewe."

Nesi akanigeukia. Nilimjua vya kutosha kuona kwamba alikuwa ananiomba. Alikuwa amempoteza ndugu dakika ileile, na asingeweza kupoteza wawili kwa mpigo.

"Ni mashine?" aliuliza.

Nyuma yake, Shemeji alikuwa ameinua kichwa. Uso ulikuwa umelowa wote, lakini macho yalikuwa makavu sasa, na yananingoja. Alikuwa amevuliwa nguo mbele ya watu na kubaki amesimama. Alikuwa anangoja kuona mwenzake wa jahazi atafanya nini.

"Ni mashine," nikasema.

Nesi akashusha pumzi, akaniegemea begani.

Na Shemeji akacheka. Si kwa nguvu, alicheka kama mtu aliyetua mzigo. Akajifuta uso kwa kiganja, akasogeza kiti kutoka mezani, akakipigapiga.

"Dada," alisema, "hebu rudi ukae."